Kimanda cha Kihispania cha viazi na vitunguu: njia nne za kuandaa kiazi, na jinsi ya kuchagua inayokufaa

Vinavyoingia kwenye kimanda cha Kihispania ni vichache: viazi, mayai, kitunguu, mafuta na chumvi. Hakuna maziwa, hakuna jibini, hakuna bizari. Lakini ukianza kuuliza kinavyopikwa, majibu hayafanani hata kidogo. Mmoja anakwambia umimine mafuta karibu nusu lita, mwingine anatosheka na vijiko viwili. Huyu anachemsha viazi, yule anafungua pakiti ya kripsi. Wote wanakiita tortilla de patatas, na kila mmoja kwake kinaliwa kikaisha.

Nikizitazama njia hizo, naona zinaachana mahali pamoja tu: kiazi kimefanywa nini kabla ya kukutana na yai. Ukishaamua hilo, mengine yanafuata yenyewe. Utajua utahitaji mafuta kiasi gani, utasimama jikoni muda gani, kitunguu kiingie lini, na kimanda kitageuka kizima au kitapasuka mkononi.

Aliyezoea chipsi mayai za Dar es Salaam ana mahali pa kuanzia, lakini abadilishe mwendo. Pale chipsi hukaangwa zikakauka, mayai yakamiminwa juu yake na kushika upesi kwenye moto mkali. Kimanda cha Kihispania kinataka kiazi kilainike, kikae ndani ya yai kikalinywa, halafu kipikwe kwa moto wa wastani mpaka kiwe kinene, sentimita tatu au nne.

Tunavyovipima

Njia zote nne nitazitazama kwa mambo yaleyale. La kwanza ni kimanda chenyewe kinavyokuwa mdomoni. La pili ni mafuta: yanaingia mangapi, na mangapi unayapata tena. La tatu ni muda na aina ya moto, maana jiko la gesi, la mkaa na la umeme hayatii amri sawa. Kisha nafasi ya kitunguu, urahisi wa kugeuza, na kama kimanda kinavumilia kukaa. Hili la mwisho si dogo. Uhispania kimanda hiki huliwa kikiwa moto na huliwa pia kikiwa kimepoa. Kwenye baa za Madrid hukatwa kipande kikawekwa juu ya mkate, mtu akakila katikati ya asubuhi pamoja na kahawa.

Yasiyobadilika, uchague njia yoyote

Kwa watu wanne chukua mayai sita, viazi gramu 600 hivi kabla ya kumenya, kitunguu maji kimoja kikubwa au viwili vya wastani, na chumvi kama kijiko kimoja cha chai. Mayai ya kuku wa kienyeji ni madogo, kwa hiyo ongeza moja au mawili. Kikaango kiwe na kipenyo cha sentimita 22 hadi 24, kuta zilizosimama, na kisiwe kinashika. Kikaango cha chapati hakifai kwa sababu kuta zake ni fupi mno. Na sufuria ya alumini hushika yai, ukaona kazi yote inapasuka dakika ya mwisho unapotaka kugeuza.

Kiazi kinachofaa ni kile kisicho na unga mwingi kupita kiasi. Kikate: kisu kikitoka kimepakwa wanga mweupe mzito, ujue kitavunjikavunjika haraka, basi kata vipande vinene kidogo. Wakenya wengi sokoni hukutana na Shangi, ambacho huiva upesi, kwa hiyo anza kukijaribu kwa kisu dakika kadhaa kabla ya muda ninaoutaja hapa. Shangi pia huchipua mapema kikikaa nyumbani. Kiazi kilichogeuka kijani usikitumie, na macho yaliyochipua yaondoe yote.

Kuhusu mafuta, Wahispania hutumia ya zeituni, na ladha yake husikika. Huku kwetu bei yake haimruhusu kila mtu kuyamimina kikaangoni kwa wingi, na sioni sababu ya mtu kuacha kupika kwa ajili hiyo. Mafuta ya alizeti, yale yanayokamuliwa Singida na Dodoma, yanafanya kazi vizuri. Ninachoshauri uepuke ni mafuta yanayoganda yakipoa. Kimanda kikiwa moto huwezi kuona tofauti, ila ukikila baridi yanaacha utando kwenye ulimi.

Jambo moja usiliruke hata ukiwa na haraka: kiazi kilichoiva kilale ndani ya mayai dakika 10 hadi 15 kabla ya kurudi jikoni. Mayai yenyewe usiyapige mpaka yatoe povu; yavuruge tu, ute na kiini vichanganyike. Kiazi kikiwa na joto lake kinavuta yai, mchanganyiko unakuwa mzito, na hapo ndipo kimanda kinakuwa kitu kimoja badala ya viazi vilivyozungukwa na mayai.

Njia ya kwanza: kiazi kinachoiva taratibu ndani ya mafuta

Inavyofanyika. Menya viazi, vikate vipande vyembamba vya milimita tatu hivi, havihitaji kulingana. Kitunguu kikate vipande virefu vyembamba. Mimina mafuta mililita 350 hadi 400 kwenye kikaango, yapashe kidogo, kisha weka viazi, kitunguu na chumvi kwa pamoja. Moto uwe mdogo. Mafuta yatoe viputo vidogo vidogo, na usisikie ule mlio wa kukaanga. Geuza polepole kwa mwiko kila baada ya dakika chache. Baada ya dakika 25 hadi 30 kiazi kitakatika kwa ukingo wa mwiko bila kubishana. Chuja kila kitu juu ya bakuli, acha kipoe kidogo, tia kwenye mayai.

Inachotoa na inachodai. Hii ndiyo Wahispania wengi huifikiria kwanza, na ukiila unaelewa. Kiazi kinakuwa laini mpaka ndani, na kitunguu kinapotea kama umbo kikabaki kama utamu. Kinachotokea ni kwamba mafuta yasiyo moto sana hayakaushi ngozi ya kiazi. Maji yake yanatoka taratibu, kingo zinavunjika kidogo, na ule wanga unaovunjika ndio baadaye unaoshikamana na yai. Kitunguu nacho, kwa kuwa hakiungui, kinapata muda wa kuacha ukali. Hapa vitunguu vyetu vyekundu, kama vile vya Mang'ola, vinafaa sana. Ni vikali vikiwa vibichi, lakini moto mdogo wa nusu saa unavituliza vyote. Rangi ya kimanda itakuwa nyeusi kidogo kuliko unayoiona kwenye picha za Uhispania, ambako vitunguu vyao vya kimanda ni vyeupe au vya njano. Ladha haipungui.

Kiasi cha mafuta kinatisha wengi. Lakini usiyahesabu kama yaliyoliwa, maana sehemu kubwa inarudi kwenye bakuli. Yachuje kwa kitambaa safi au chujio la chai, yaweke kwenye chupa mahali pasipo na mwanga, na uyatumie tena kwa kimanda kingine au kuungia maharage. Kwa sababu hayakupata moto mkali, hayaharibiki haraka kama ya kukaangia chipsi, na harufu ya kitunguu yaliyoibeba ni faida. Gharama halisi ni ile ya siku ya kwanza, pamoja na gesi ya nusu saa. Jiko la mkaa linasumbua kidogo mwanzoni, kwa sababu moto wake huwa mkali usipoutaka. Subiri makaa yafunikwe na majivu kabla ya kuanza.

Kugeuza ndipo ilipo shida. Kimanda hiki ni kizito na kilaini, na upande wa juu huwa bado unatiririka unapokigeuza. Ukishakiweza, ndicho kinachokaa vizuri kuliko vyote: kikipoa hakikauki, na wengi hukiona kitamu zaidi baada ya saa moja.

Inamfaa nani. Anayetaka ladha ya Uhispania yenyewe, mwenye muda wa saa moja hivi, na anayepika vimanda mara kwa mara, ili yale mafuta yawe na kazi ya kesho.

Njia ya pili: kiazi kilichokaangwa mpaka kikageuka rangi

Inavyofanyika. Kata viazi vipande vidogo vidogo au nusu duara, vioshe kuondoa wanga, vikaushe vizuri kwa kitambaa. Vikaange kwenye mafuta yaliyopata moto, kwa mafungu mawili ili mafuta yasipoe, dakika 8 hadi 10 kila fungu, mpaka kingo zigeuke dhahabu na ndani paive. Kitunguu kikaange peke yake kwa moto mdogo, kwenye vijiko viwili vya mafuta. Ukikitia pamoja na viazi kwenye moto huu kitaungua kabla kiazi hakijaiva, na uchungu wake hauondoki.

Inachotoa na inachodai. Kimanda kinachotoka kina meno: unatafuna, unakutana na ukingo uliokauka, kisha ulaini wa yai. Mpenzi wa chipsi mayai atajisikia yuko nyumbani. Wapo hata Wahispania wanaokipenda hivi kuliko kile laini. Kwa upande mwingine, ladha ya kitunguu haiingii ndani ya kiazi, inakaa kando yake. Na kiazi chenye ngozi ngumu kinavuta yai kidogo, kwa hiyo ukitumia njia hii ongeza muda wa kukilaza ndani ya mayai hadi dakika 20.

Mafuta yanayohitajika ni sawa na ya njia ya kwanza au zaidi, na yakishapata moto mkali hayavumilii kutumiwa mara nyingi. Muda wote, pamoja na kuosha na kukausha, unakaribia dakika 45. Faida yake kubwa ni kwenye kugeuza: vipande vikavu vinashikana, kimanda kinasimama imara, na hata mgeni wa kazi hii anakigeuza bila hofu. Kikiwa moto ni kitamu mno. Kikipoa zile kingo zilizokauka zinanyong'onyea, na hapo njia ya kwanza inakiacha mbali.

Inamfaa nani. Familia itakayokila papo hapo, na mtu mwenye chipsi zilizobaki. Chipsi za jana au za kibanda cha jirani zinaingia hapa moja kwa moja: zipashe, zikate fupi, zitie kwenye mayai. Umepunguza kazi na mafuta kwa pamoja. Angalia chumvi tu, kwani zinaweza kuwa zimeshatiwa.

Njia ya tatu: kiazi cha kuchemsha, cha mvuke au cha maikrowevu

Inavyofanyika. Chemsha viazi vikiwa vizima na maganda yake, dakika 15 hadi 20, vikaribie kuiva lakini kisu kikutane na ugumu kidogo katikati. Ganda linazuia maji yasiingie. Vimwage maji, viache wazi mvuke uishe kabisa, kisha menya na ukate. Mwenye maikrowevu amenye kwanza, akate vyembamba, achanganye na vijiko viwili au vitatu vya mafuta na chumvi, afunike bakuli, apike dakika 8 hadi 12 huku akigeuza mara mbili. Kwa hali zote mbili kitunguu kilainishwe peke yake kikaangoni kwa mafuta kidogo, dakika 15 au 20 za moto mdogo. Kazi hii ya kitunguu usiikate. Katika njia hii ndiyo inayobeba ladha yote.

Inachotoa na inachodai. Ladha ni nyepesi, ya yai na kiazi, na ulaini wake ni wa ungaunga kuliko ule wa mafuta. Anayejua njia ya kwanza atahisi kitu kimepungua, na ni kweli kimepungua: maji hayafanyi kile ambacho mafuta hufanya kwa kiazi. Kati ya hizo mbili, maikrowevu inaikaribia njia ya kwanza zaidi, maana kiazi kinaiva kwa maji yake mwenyewe pamoja na mafuta kidogo, na hakiongezewi maji mengine.

Lakini tazama inachokupa. Mafuta kwa jumla hayafiki robo kikombe, na hayo yote yanaliwa, hakuna ya kuchuja wala kuhifadhi. Viazi vinachemka vyenyewe huku ukifanya mambo mengine, na unaweza kuvichemsha usiku ukapika kimanda asubuhi, ila vipashe kidogo kabla ya kuvitia kwenye mayai. Hatari yake ni maji. Kiazi kilichochemshwa bila ganda, au kilichochanganywa na mayai huku bado kinatoa mvuke mwingi, kinayazimua mayai, na kimanda kinakaa kulia maji kwenye sahani. Kwenye kugeuza, kiazi kikiiva kupita kiasi kimanda hukatika katikati kwa uzito wake; kikiwa kigumu kidogo kinageuka salama. Kikipoa kinakuwa kikavu zaidi kuliko cha njia ya kwanza, na kachumbari yenye ndimu inakisaidia.

Inamfaa nani. Anayepunguza mafuta kwa ushauri wa daktari au kwa uchaguzi wake, mwenye maikrowevu na kikaango kimoja tu chumbani, na yule ambaye chupa ya mafuta inapaswa kumfikisha mwisho wa mwezi.

Njia ya nne: kripsi za pakiti

Inavyofanyika. Vunja mayai sita kwenye bakuli, tia kripsi gramu 100 hadi 120, zile za chumvi tu zisizo na viungo, zibonyeze zizame, ngoja dakika tano hadi kumi zilainike. Usiongeze chumvi. Ukitaka kitunguu, na hapa tunakitaka, kiwe kimeshalainishwa kikaangoni na kimepoa. Kisha pika kama kimanda kingine.

Inachotoa na inachodai. Wapo wanaoidharau njia hii bila kuionja. Ferran Adrià, mpishi aliyeongoza jikoni mwa elBulli huko Roses, Catalonia, hadi mgahawa huo ulipofungwa mwaka 2011, ndiye aliyeifanya ijulikane, na alikuwa na sababu: kripsi ni kiazi kilichokwisha kukaangwa kwenye mafuta, kinachokosa maji tu, na yai linayarudisha. Kinachotoka kina tabaka nyembamba nyembamba, ladha ya kiazi cha kukaanga, na urefu mdogo kuliko vimanda vingine. Mafuta ya kuongeza ni kijiko kimoja cha kupaka kikaango. Ukiondoa kitunguu, dakika 20 zinatosha kutoka mwanzo hadi mezani, na kwenye umeme wa kukatikakatika hilo ni jambo la maana. Kugeuza ni rahisi kuliko njia zote.

Udhaifu wake ni kwamba huna mamlaka juu ya chumvi wala juu ya mafuta yaliyokaangia kripsi. Zikiwa za mtaani, zilizofungwa kwenye mfuko wa nailoni, onja moja kwanza: mafuta yaliyochacha yanasikika mara moja, na yai haliyafichi. Ukipima kwa kilo, kripsi ni ghali mno kuliko viazi vibichi. Kikipoa, kimanda hiki hupoteza uzuri wake mapema.

Inamfaa nani. Mtu mmoja au wawili wenye njaa na haraka, na yule anayeanza kabisa kujifunza kugeuza.

Kugeuza, na jinsi ya kukwepa kugeuza

Paka kikaango mafuta, kipate moto wa wastani, mimina mchanganyiko, na kwa dakika moja koroga taratibu katikati huku ukisukuma kingo kwa ndani. Kisha acha. Baada ya dakika nne au tano tikisa kikaango: kimanda kikicheza chote kwa pamoja, wakati umefika. Funika kwa sahani bapa iliyo pana kuliko kikaango, bonyeza sahani kwa kiganja, geuza kwa mwendo mmoja bila kusitasita, halafu kiteleze kirudi upande wa pili kwa dakika mbili au tatu. Fanya hivyo juu ya sinki, na shika mpini kwa kitambaa, kwa sababu mafuta kidogo yatatiririka. Anayesita katikati ndiye anayekimwaga.

Waliokulia pwani wana njia nyingine, na siioni ikitajwa vya kutosha: kupalia moto. Anayejua kupika mkate wa mayai au mkate wa sinia kwa makaa juu na makaa machache chini, anaweza kupika kimanda hiki hivyohivyo kwenye sufuria iliyopakwa mafuta vizuri, chini ya kifuniko cha bati au cha chuma. Juu kunashika, kunapata rangi, na hakuna haja ya kugeuza chochote. Inafaa sana kwa kimanda kikubwa cha mayai kumi au kumi na mawili, ambacho hata Mhispania mzoefu angekiogopa kukigeuza. Mwenye oveni apate matokeo hayohayo kwa kuwasha moto wa juu, mradi mpini wa kikaango si wa plastiki.

Yai liive kiasi gani

Hapa Wahispania wenyewe hawakubaliani. Betanzos, mji wa Galicia, unasifika kwa kimanda kisicho na kitunguu kabisa, ambacho ukikikata ndani hutiririka kama mchuzi wa njano. Kwingine wanakitaka kimeshika chote. Na lile la kitunguu, kiwemo au kisiwemo, limewagawa watu mpaka kila upande una jina lake. Mimi nasimama na wenye kitunguu, lakini kwenye yai naomba uangalifu.

Uhispania sheria imeliingilia jambo hili kwa sababu ya bakteria wa salmonela. Kuanzia mwaka 1991 migahawa ilitakiwa kupika vyakula vya mayai mabichi hadi nyuzi 75 za Selsiasi. Kanuni ya mwaka 2022 ililegeza: nyuzi 70 kwa sekunde mbili katikati ya chakula, au nyuzi 63 kwa sekunde 20, la sivyo mpishi atumie mayai yaliyopitishwa kwenye joto kiwandani. Nyumbani wengi hatuna kipimajoto, na mayai yetu mara nyingi yamekaa siku kadhaa dukani bila friji. Kwa watoto wadogo, wazee, wajawazito na wagonjwa, pika mpaka katikati pashike kabisa. Kwa wengine, kikibaki na unyevu mzito usiotiririka, ulaini upo na hatari imepungua. Katika joto la Mombasa au Dar kisikae mezani zaidi ya saa mbili. Kiingie kwenye friji.

Kwa hili njia hazilingani. Ya kwanza na ya tatu hubaki laini hata yai likiiva kabisa, kwa kuwa kiazi chenyewe ni laini. Ya pili na ya nne yai likizidi kuiva huwa kavu, kwa hiyo zinataka jicho la karibu zaidi.

Uchague kwa hali yako

Una wageni jioni na alasiri yako ni tupu: njia ya kwanza. Kipike saa moja kabla, kipumzike kikiwa kimefunikwa, ukate vipande kama vya keki wageni wakifika. Hutahangaika na moto mbele yao.

Watoto wanatoka shule na njaa ya kweli, na wanapenda chipsi kuliko kitu kingine: njia ya pili, wala usibishane nao. Ila kwa kimanda cha kubeba shuleni asubuhi, kitakachokaa saa moja au mbili ndani ya chombo, chagua ya kwanza au ya tatu, kilichoshika vizuri ndani, na kipoe kabisa kabla ya kufunikwa, vinginevyo mvuke unakilowesha. Shuleni kukiwa na joto na chakula kikingojea mpaka mchana, bora kiliwe nyumbani tu.

Mayai ni matatu na watu ni watano. Hali hii si ngeni kwa kimanda hiki. Waraka uliopelekwa kwa baraza la Navarra mwaka 1817, ukilalamikia maisha magumu ya wakulima, unaeleza kwamba mayai mawili au matatu yalilisha watu watano au sita, kwa sababu wanawake wa huko walijua kukifanya kikubwa na kinene kwa kuchanganya viazi na makombo ya mkate. Njia ya tatu ndiyo inayokufaa. Ponda robo ya viazi, wanga wake ufanye kazi ya mayai yaliyokosekana, ongeza kitunguu, tumia kikaango kidogo, na upike kwa moto mdogo muda mrefu zaidi ili kishike.

Gesi imekaribia kuisha na hujui itakufikisha wapi: kripsi, bila kitunguu au na kitunguu kilichokatwa kidogo sana. Kama kuna umeme na maikrowevu, njia ya tatu inapika kiazi bila kugusa gesi, ukabakiza kwa ajili ya kitunguu na yai.

Unapunguza mafuta lakini hutaki kuikosa ladha: fanya njia ya tatu kwa maikrowevu, na yale mafuta machache unayoruhusiwa yawe ya zeituni. Vijiko vitatu vya mafuta mazuri vinasikika kwenye kimanda cha namna hii kuliko nusu lita ya mafuta yasiyo na ladha.

Na kama hujawahi kupika hata kimoja, usianze na mayai sita. Chukua mayai matatu, viazi viwili vya wastani, kitunguu kidogo na kikaango cha sentimita 16 au 18, kwa njia yoyote uliyoipenda hapo juu. Kimanda kidogo kinageuzwa kwa sahani ya kawaida, hakina uzito wa kukuogopesha, na kikipasuka bado kinaliwa na mkate.